Uwanja wa udongo si lazima uwe wa polepole

Wapenzi wengi wa tenisi huamini kwamba mechi za uwanja wa udongo lazima ziwe za polepole, na kwamba mwenye pigo kali la kuanzisha hana lake hapo. Msingi wa imani hiyo upo: chembechembe za matofali yaliyosagwa hukwaruza mpira unapodunda, ukapungua kasi na kuruka juu.

Lakini udongo ni nusu tu ya habari. Nusu nyingine ni hewa. Gstaad, mji wa mapumziko katika Alpi za Uswisi ambako wachezaji wanaume wa kulipwa hushindana kwenye udongo kila Julai, uko mita 1,050 hivi juu ya usawa wa bahari. Hewa ya huko ni nyepesi kwa takriban asilimia 10 kuliko ya pwani, kwa hiyo mpira haupungui kasi sana angani. Hata mzunguko wa mpira, unaousaidia kushuka ndani ya mstari, hupungua nguvu, na mapigo mengi hutoka nje. Kanuni za tenisi zina mpira maalumu wa nyanda za juu, ila ni kwa viwanja vilivyo juu ya mita 1,219. Gstaad haifiki hapo.

Kuhakiki ni rahisi, nami nakusihi ujaribu. Fungua takwimu za mechi za Gstaad, uziweke kando ya zile za Monte Carlo, mashindano mengine ya udongo, ila haya ni ya ufukweni kabisa. Hesabu mipira ya kuanzisha ambayo mpokeaji hakuigusa, kwa mechi nyingi, maana mechi moja hudanganya.