Bundi wa Kenojuak Ashevak

Bundi akilia juu ya paa usiku, kwetu wengi hawasinzii tena mpaka alfajiri. Naomba msomaji aiweke hofu hiyo kando kidogo, maana nataka tumtazame bundi mmoja kwa makini. Manyoya ya kichwa chake yametawanyika kama miale ya jua, yamerefuka na kujipinda, na macho yake mawili ya duara yamekukodolea wewe. Jina lake ni Bundi Aliyerogwa. Ni mchoro uliochapwa kwa wino kwenye karatasi mwaka 1960, na aliyeuchora ni Kenojuak Ashevak, mwanamke Mwinuiti, yaani wa jamii ya wenyeji wa asili wa kaskazini ya mbali ya Kanada.

Kenojuak alizaliwa mwaka 1927 ndani ya nyumba ya theluji, katika kambi ya Ikirasaq kusini mwa kisiwa cha Baffin. Baba yake aliuawa yeye akiwa na umri wa miaka sita hivi, akalelewa kwa bibi yake. Bibi ndiye aliyemfundisha kushona ngozi ya sili, mnyama wa bahari za baridi, kwa uzi wa kano za mnyama, mshono wa kukazwa usiopitisha maji. Kule kiatu kikivuja, mguu unaweza kuharibika kwa baridi.

Hapo kwenye ngozi ndipo ningependa tukae. Karatasi ukikosea unafuta. Ngozi ukishaikata umeikata. Mshonaji lazima alione umbo zima kichwani kabla kisu hakijagusa. Nami kila ninapoitazama michoro ya Kenojuak naiona mikono ya mshonaji: hakuna vivuli, hakuna milima wala anga nyuma ya ndege, ni umbo moja lililokamilika, mpaka wake safi kama kipande kilichokatwa. Chapa yake ya kwanza, Sungura Akila Mwani ya mwaka 1959, ilitokana na pambo alilolibuni kwa ajili ya mfuko wa ngozi ya sili.

Kabla ya hapo alipitia tabu kubwa. Aliugua kifua kikuu, na mwaka 1952 akapelekwa hospitali katika jiji la Quebec, mbali na mumewe Johnniebo na watoto. Alikaa huko mpaka 1955, na huku nyuma akafiwa na watoto.

Chapa zenyewe zina historia ya kupendeza. James Houston, msanii aliyekuwa akiishi na Wainuiti wa Cape Dorset, mji wa huko huko kaskazini, alisafiri hadi Japani kujifunza uchapaji, akarudi na ujuzi huo mwaka 1959. Mchoro huhamishiwa kwenye jiwe lililosawazishwa. Mchongaji hulichimba jiwe pande zote na kuacha umbo likiwa limeinuka. Kisha hupakwa wino, karatasi nyembamba hulazwa juu yake, na mchapaji huisugua taratibu kwa mkono mpaka wino ushike. Huyo bundi alitolewa nakala 50 tu, nusu zikiwa na rangi nyekundu na nusu kijani, na jiwe halikutumika tena.

Wengine hudhani kwamba kwa kuwa mikono ni mingi, kazi si ya Kenojuak. Sikubaliani nao. Mchongaji stadi hufuata mstari aliopewa, na mstari ule ni wa Kenojuak. Ushirika wa wasanii wa Cape Dorset, mji ambao leo unaitwa Kinngait, ulijengwa juu ya mgawanyo huo wa kazi, na familia nyingi zimeishi kwa kipato chake.

Bundi huyo alitokea kwenye stempu ya Kanada mwaka 1970, na mchoro mwingine wa Kenojuak ukawekwa kwenye noti ya dola 10 mwaka 2017, miaka minne baada ya kifo chake. Aliendelea kuchora hadi uzeeni.

Siku ukibahatika kusimama mbele ya chapa ya zamani ya Cape Dorset, itazame pia mihuri midogo iliyopigwa juu ya karatasi. Mmoja ni wa mchoraji, mwingine wa aliyechonga na kuchapa, na ule mwekundu wenye umbo la nyumba ya theluji ni wa ushirika.