Kwa nini mfiwa hukosa hata usingizi, na kufagia uwani kunamsaidiaje?

Baba alipofariki, matanga yalikaa siku tatu. Majirani walipika, wakaosha vyombo, wakalala nasi majamvini. Tanga likaanuliwa, watu wakaenda zao. Asubuhi ya nne nikamkuta mama jikoni, kashika kopo la majani ya chai, anatazama sufuria. Alikuwa ameteleka maji ya watu wawili.

Miaka yote mama aliamka saa kumi na moja alfajiri kwa sababu baba alikuwa anaamka kwenda msikitini. Sasa usingizi ulimruka saa nane za usiku, mchana akasinzia kwenye mkeka, na njaa haisikii kabisa. Moyo umeumia, sawa. Tumbo na usingizi vimeingiaje?

Mwili una saa yake, na kiongozi wake ni kifundo kidogo ndani ya ubongo, kinachorekebishwa hasa na mwanga wa jua. Lakini mwaka 1988 Cindy Ehlers na wenzake, watafiti wa Marekani, walitoa hoja iliyonigusa sana: binadamu hupangiwa saa pia na watu anaoishi nao. Nani anakohoa alfajiri, chakula kinapakuliwa saa ngapi, nani anafunga mlango usiku. Akifa mwenzako, alama hizo zote huondoka naye. Mama hakufiwa na mume tu. Alipotelewa na saa.

Kumbe kazi ndogo yenye wakati wake hurudisha alama hizo moja moja. Mama alikuwa eda, miezi minne na siku kumi, kwa hiyo hakuwa wa kutoka ovyo. Alianza na fagio la chelewa: jua likichomoza, anafagia uwani, taratibu, mistari ya fagio ikionekana mchangani. Siku nyingine alilia huku anafagia. Na si vibaya: Margaret Stroebe na Henk Schut wa Uholanzi walieleza mwaka 1999 kwamba mfiwa huenda na kurudi, mara kwenye msiba wake, mara kwenye shughuli za maisha, na anahitaji kote kuwili. Ila mtu akishindwa kula wala kuinuka kwa wiki nyingi, fagio halitoshi, apelekwe hospitali.

Shoga yake wa nyumba ya pili naye akajipangia zamu. Kila siku baada ya alasiri: "Hodi, shoga!" Mama akisikia adhana tu, anateleka maji ya watu wawili.