Rust ina miaka mingapi? Maana ya umri wa gemu inayouzwa ikiwa bado inajengwa

Kwenye geto moja la wanafunzi pale Ng'ong'ona, jirani na Chuo Kikuu cha Dodoma, vijana wawili walibishana karibu saa nzima kuhusu mwaka ambao Rust ilitoka. Mmoja alishikilia 2013, kwa sababu kaka yake mkubwa aliicheza tangu yuko sekondari. Mwenzake akafungua ukurasa wa gemu hiyo kwenye Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, akaweka kidole kwenye tarehe: 8 Februari 2018. "Sasa kaka yako alicheza nini?" Wakanigeukia: "Bro, hebu tuamulie."

Nilishindwa kuwaamua kwa neno moja, maana kila mmoja alikuwa na hoja ya kweli. Ndipo nikaona kuna dhana hapa ambayo wachezaji wengi wanaitumia kila siku bila kuelezwa.

Zamani umri wa gemu haukuwa na utata. Gemu ilitengenezwa hadi mwisho, ikachapwa kwenye diski, ikauzwa. Siku iliyoingia dukani ndiyo siku yake ya kuzaliwa. Gemu za kunusurika za wachezaji wengi ndizo zilizovuruga hesabu hiyo. Namaanisha zile ambazo unaanza huna kitu katikati ya pori, unakata miti, unavunja mawe, unajenga kibanda, huku watu halisi walioko nchi nyingine wakitafuta namna ya kukubomolea usiku. Gemu ya aina hii huwezi kuijaribu vizuri ukiwa na mafundi watano ofisini. Inahitaji umati: watu wachoyo, watu wema, watu wenye hila za kupenya ukuta mahali ambapo mjenzi hakuwaza. Hivyo watengenezaji wakaanza kuiuza ikiwa haijaisha, ili umati uingie mapema.

Hali hiyo mimi huiita toleo la mapema. Kuielewa, tazama jinsi tunavyojenga hapa Dodoma. Mtu akipata kiwanja Nala au Mkonze hasubiri nyumba iishe. Anasimamisha boma, anapaua, anafunga chumba kimoja mlango, anaziba madirisha kwa mabati, anahamia ili kodi isimle. Lipu, dari na vigae vinafuata miaka inavyokwenda. Ukimuuliza nyumba yake ina umri gani, atakuuliza kwanza unahesabia wapi: msingi, siku ya kuhamia, au siku rangi ilipokauka? Toleo la mapema ni siku ya kuhamia. Tofauti ni moja, nayo ni kubwa: kwenye gemu, wewe mpangaji ndiye unayemlipa fundi pesa za kuendelea kujenga, na fundi anaweza kuishia njiani.

Sasa Rust yenyewe. Watengenezaji wake ni Facepunch Studios ya Uingereza, kampuni ya Garry Newman, ambaye kabla ya hapo alijulikana kwa gemu nyingine, Garry's Mod. Tarehe 11 Desemba 2013 Rust iliingia Steam ikiwa katika hatua ya alfa, yaani hatua ambayo vitu vya msingi bado vinabadilishwa. Mpango wa Steam wa kuuza matoleo ya mapema ulikuwa na miezi tisa tu, ulifunguliwa Machi mwaka huohuo. Rust ya wakati ule ilifanana sana na DayZ, gemu nyingine ya kunusurika: kulikuwa na mazombi, na ukuta wa mbao ulikuwa utajiri.

Mwaka 2014 yalitokea mawili makubwa. Kwanza, mazombi wakaondolewa, nafasi yao wakaichukua wanyama wakali kama dubu na mbwa mwitu. Watengenezaji walikuwa wakiiondoa gemu yao kwenye kivuli cha DayZ, na kwa maoni yangu huo ndio uamuzi ulioifanya Rust kuwa Rust, kwa sababu tangu hapo adui wa kuogopwa ni binadamu mwenzako. Pili, waliamua kuiandika upya gemu nzima. Ile ya zamani ikabaki pembeni kama kumbukumbu, mpya ikaendelea. Hapa swali la umri linakuwa gumu kwelikweli. Mtu akibomoa nyumba mpaka msingi na kujenga nyingine kwenye kiwanja kilekile, kwa jina lilelile, na wapangaji walewale hawajahama, hiyo ni nyumba ya lini?

Miaka minne zaidi ikapita ya masasisho mfululizo. Mwaka 2015 wachezaji walipangiwa rangi za ngozi bila kuchagua, na mwaka 2016 wakapangiwa jinsia vilevile, kila mmoja akibaki na mwili aliopewa kwa akaunti yake. Kisha tarehe 8 Februari 2018 Facepunch wakaitoa rasmi kwenye hatua ya toleo la mapema. Hiyo ndiyo tarehe aliyoiona yule kijana. Kwenye konsoli za PlayStation na Xbox ilifika Mei 2021, kwa hiyo kuna mtu anayeweza kudai tarehe ya tatu, na asiwe mwongo.

Mkazi wa Dodoma hapaswi kushangaa haya. Uamuzi wa kuhamishia makao makuu hapa ulifanywa mwaka 1973. Bunge likahamia 1996. Agizo la Serikali nzima kuhamia likatolewa 2016, na hadhi ya jiji ikaja 26 Aprili 2018, miezi miwili na ushee baada ya Rust kutangazwa imekamilika. Makao makuu yana miaka mingapi? Mzee aliyehamia hapa kikazi miaka ya sabini atakujibu kivyake, na kijana aliyeziona ofisi za mji wa Serikali wa Mtumba zikiinuka atakujibu kivyake. Wote wanaongelea mji mmoja.

Kuna jambo la Desemba 2013 ambalo napenda watu walijue. Ndani ya siku sita, gemu tatu kubwa za kunusurika ziliingia Steam zikiwa hazijaisha: Rust tarehe 11, 7 Days to Die tarehe 13, DayZ tarehe 16. Ni kama watoto watatu waliozaliwa wodi moja wiki moja. Halafu angalia walivyokua. Rust ilikamilishwa Februari 2018. DayZ, ambayo mwanzoni ilikuwa modi, yaani nyongeza ya wapenzi juu ya gemu ya vita ya ARMA 2, iliyotengenezwa na Dean Hall wa New Zealand mwaka 2012, ilikamilishwa Desemba 2018. 7 Days to Die ilifikia toleo la kwanza kamili Julai 2024, zaidi ya miaka 10 baada ya watu kuanza kuilipia. Umri mmoja, ukomavu tofauti kabisa. Kabla yao wote, Minecraft ilikuwa imeshapita njia hiyohiyo: wachezaji waliipata Mei 2009, toleo kamili likatoka Novemba 2011.

Kwa hiyo mimi ukiniuliza umri wa gemu ya namna hii, nahesabu kutoka siku ambayo mtu wa kwanza asiye ndugu wala rafiki wa mtengenezaji aliweza kuilipia na kuicheza. Kwa Rust ni 11 Desemba 2013. Tarehe ya kukamilika naiheshimu, lakini naiona kama cheti: kinasema kazi iliyoahidiwa mwanzoni sasa inahesabiwa imefika, na mara nyingi hakisemi kwamba mafundi wameondoka. Rust haijaacha kubadilika tangu ipate cheti chake.

Kuna umri mwingine ambao mgeni hauoni mpaka aingie: umri wa dunia iliyo ndani ya gemu. Kila Alhamisi ya kwanza ya mwezi, sasisho kubwa linapotoka, seva za Rust ya kompyuta, yaani mitambo inayobeba dunia hizo, hufutwa ramani zake. Wachezaji wanaita waipu. Huko Uingereza inakuwa jioni, kwetu ni saa tatu usiku, au saa nne Ulaya ikiwa kwenye majira ya baridi. Ngome uliyoipigania wiki tatu inatoweka, na wote mnarudi ufukweni na jiwe na mwenge. Seva nyingine hufuta hata kila wiki. Gemu imevuka miaka 10, lakini hakuna kijiji ndani yake kinachozeeka. Nadhani ndiyo sababu mgeni anaweza kuingia leo na kushindana: mkongwe ana ujuzi, mali hana.

Haya yana faida mfukoni, hasa kwetu tunaonunua bando kwa kuhesabu. Mdogo wangu aliwahi kuona video za zamani za Rust, akaona inakwenda laini kwenye kompyuta ya kawaida, akakesha usiku mzima akiipakua kwenye laptopu yake. Asubuhi ikagoma kufunguka. Alikuwa ametazama gemu ya 2014 na kupakua gemu nyingine kabisa, nzito mara nyingi zaidi, iliyokuja na michoro mipya kila mwaka. Jina halikubadilika, ndiyo maana hakushtuka. Gemu inayojengwa muda wote huongezeka uzito, hivyo angalia tarehe ya video kabla ya kuiamini, na mahitaji ya kompyuta yasome yale ya sasa.

Na kama gemu bado iko kwenye toleo la mapema, inunue kwa jinsi ilivyo siku hiyo. Ahadi za mbele usizilipie. Pitia masasisho ya karibuni: mafundi wako saiti, au zege lilikauka mwaka jana? Ukijuta, Steam hurudisha pesa ukiomba ndani ya siku 14 na hujacheza zaidi ya saa 2, na utaratibu huo unahusu hata gemu ambazo hazijakamilika.

Basi pale geto nikamwambia yule wa 2013: "Mpigie kaka yako, muulize swali moja tu. Aliwahi kukimbizwa na zombi humo ndani?" Akaweka simu sauti kubwa. Kaka mtu akacheka, akasema mazombi wale walimuua usiku wa kwanza mara nne, kisha siku moja akawasha gemu akakuta hawapo, amesimama dubu.

Yule mwenye tarehe ya 2018 akafunga ukurasa wa Steam, akavuta kiti karibu na simu. "Shikamoo kaka. Ehe, kabla ya dubu palikuwaje?"