Madeni Mawili ya Alex Corvis

Katika vibanda umiza nilikojifunzia kutazama filamu kulikuwa na sheria moja ambayo hakuna aliyehitaji kuibandika ukutani: steringi hafi. Anaweza kupigwa risasi tatu, akatumbukia mtoni na gari lake, akafukiwa na kifusi, lakini watazamaji wote, kuanzia aliyelipa kiingilio hadi mtoto anayechungulia kwenye tundu la bati, walijua kwamba atainuka. Ndiyo maana nakumbuka vizuri mtafaruku uliozuka siku msimulizi wetu (yule anayeitafsiri filamu kwa Kiswahili huku ikiendelea) alipoweka filamu ambayo steringi wake anafungwa mikanda kwenye kiti cha umeme na kufa kabla hatujakaa sawasawa kwenye mabenchi. Jamaa mmoja alisimama akadai arudishiwe pesa yake.

Filamu hiyo ni The Crow: Salvation ya mwaka 2000, iliyoongozwa na Bharat Nalluri, ya tatu katika mfululizo wa The Crow, yaani Kunguru. Leo kazi yangu ni kuhariri miswada ya filamu na kuwafundisha vijana kuiandika, na filamu hii bado naitumia darasani, ingawa sithubutu kuiita filamu nzuri. Naitumia kwa sababu ndani yake kuna tatizo la usukaji wa kisa ambalo waandishi wake waliliona, wakalitatua nusu, kisha wakaligeuzia kisogo. Anayetaka kuitazama bila kujua mwisho wake na aishie hapa, maana sitaweza kulieleza tatizo hilo bila kuufichua.

Kwanza kanuni za mfululizo wenyewe. Ulianza na katuni za James O'Barr zilizoanza kutoka mwaka 1989, ukaingia kwenye sinema mwaka 1994 kwa filamu ya Alex Proyas, ambayo haitajwi bila kukumbukwa kwa Brandon Lee, mwigizaji mkuu aliyefariki Machi 1993 baada ya kupigwa risasi kwa bastola iliyodhaniwa kuwa salama wakati wa upigaji picha huko Wilmington, North Carolina. Kanuni ni nyepesi: mtu akifa kwa dhuluma iliyo kubwa kiasi kwamba roho yake haipati utulivu, kunguru humrudisha duniani alipize kisasi. Kwa mtazamaji wa Dar es Salaam au Unguja hapo panahitaji uvumilivu kidogo, kwa sababu kunguru tunayemjua sisi ni yule anayenyakua dagaa kwenye chano, na tunachosema juu yake ni kwamba hafugiki. Pale kibandani ndege huyo alipotua kwa mara ya kwanza kwa heshima zote na muziki mzito, watu waliangua kicheko.

Mhusika mkuu wa filamu ya kwanza, Eric Draven, hana haja ya kumuuliza mtu yeyote jambo lolote. Aliyemuua anamjua, au angalau kumbukumbu zake zinamrudia haraka: ni wahuni wa mtaani waliomvamia yeye na mchumba wake nyumbani kwao Detroit, na kazi iliyobaki ni kuwafuata mmoja mmoja kama mwenye duka anayekata majina kwenye daftari la wadaiwa. Filamu ya pili, ya mwaka 1996, ilibadilisha mji na ikaweka baba na mwanawe mahali pa wachumba, lakini daftari lilibaki lilelile. Muundo huu una nguvu yake, ila una kikomo pia, kwani marehemu asiyeweza kufa tena, anayewajua adui zake wote, hana analolitafuta wala analoliogopa. Taharuki inatoka wapi?

Jibu la filamu ya tatu, ambayo mswada wake uliandikwa na Chip Johannessen, ndilo linalonifanya niiheshimu. Alex Corvis (angalia majina yenyewe: Draven, Corven wa filamu ya pili, Corvis, yote yamechongwa kutokana na kunguru wa Kiingereza na wa Kilatini) ametiwa hatiani kwa kumuua kwa kisu mpenzi wake, Lauren Randall. Anauawa na serikali siku anayotimiza miaka 21, huku akishikilia hadi mwisho kwamba hakuua, na kwamba kuna mtu mwenye kovu mkononi ambaye ndiye anayepaswa kutafutwa. Anaporudi kutoka kaburini hana daftari la wadaiwa. Ana kovu moja tu, tena la mtu asiyemjua jina. Kwa badiliko hilo dogo filamu ya mzimu inageuka kuwa filamu ya upelelezi, na mpelelezi ni yuleyule aliyezikwa kama mkosaji.

Tazama jinsi badiliko hilo linavyofanya kazi katika tukio moja mapema kwenye filamu, ambalo huwa nalisimamisha darasani na kuwataka wanafunzi waeleze wanachokiona. Kunguru hamwongozi Alex kwenye nyumba ya adui. Anamwongoza kwenye chumba ambamo polisi huhifadhi vielelezo vya kesi. Mtu aliyefufuka, ambaye risasi hazimdhuru tena, anatumia saa zake za kwanza duniani kutafuta kisu kilichotolewa mahakamani kuwa ni chake, kitu ambacho wakili mwenye nafasi na fedha angepaswa kukifanya kabla ya hukumu. Mtazamaji wa kwetu haambiwi maana ya tukio hilo. Neno kubambikiwa kesi linajulikana hadi kwa mtoto wa shule, na kibandani msimulizi alilitamka mara moja tu, kelele za kudai kiingilio zikakoma. Kuanzia hapo ukumbi mzima ulikuwa upande wa marehemu.

Jambo la pili ambalo filamu imelifanya vizuri ni uso. Katika filamu ya kwanza uso mweupe wenye michirizi myeusi ni wa kupakwa; Draven anajipaka mwenyewe kama mtu anayevaa mavazi ya vita. Corvis hajipaki kitu. Alama zake zinatokana na majeraha ya moto aliyoyapata kwenye kiti, chini ya kifuniko alichovishwa usoni, na ngozi iliyoungua inapobanduka ndipo sura ile maarufu inapojitokeza. Naliona kuwa wazo bora kuliko yote katika mwendelezo huu, kwa sababu linamfanya atembee na hati ya hukumu usoni: kila afisa wa polisi anayemkabili analazimika kuitazama kazi ya mikono yake.

Wala moto ule haukuwa wa kubuni mtupu. Sisi ambao katika sheria zetu adhabu ya kifo imeandikwa kuwa ni kunyongwa tulikiona kiti cha umeme kama kifaa cha sinema, lakini Marekani kilikuwa kikitumika tangu mwaka 1890, na katika miaka ya 1990 kilikuwa habari ya magazetini. Mei 1990, katika jimbo la Florida, kichwa cha Jesse Tafero kilitoa moto mbele ya mashahidi baada ya sponji ya kawaida kwenye kofia ya umeme kubadilishwa kwa sponji ya kutengenezwa kiwandani. Machi 1997, katika jimbo hilohilo, moto ulitoka tena wakati wa kuuawa kwa Pedro Medina. Kesi ya Tafero inatisha zaidi kwa anayeijua hii filamu: alitiwa hatiani kwa mauaji ya maafisa wawili wa usalama mwaka 1976, kwa kutegemea sana ushahidi wa mtu aliyekuwa naye garini, ambaye alikuwa amepatana na waendesha mashtaka, na ambaye baadaye aliyakana maneno yake zaidi ya mara moja. Mwanamke aliyehukumiwa pamoja na Tafero aliachiwa mwaka 1992, wakati yeye amekwisha kuuawa.

Kuna tarehe nyingine ninayoiandika ubaoni: Januari 31, 2000. Siku hiyo Gavana George Ryan wa Illinois alisimamisha utekelezaji wa adhabu ya kifo jimboni kwake, na sababu aliyoitoa ilikuwa ya hesabu. Tangu adhabu hiyo irejeshwe mwaka 1977, Illinois ilikuwa imewaua watu 12 na kuwaachia 13 waliobainika kwamba hawakustahili kuwa kwenye orodha ya kuuawa. Filamu yetu imetoka mwaka huohuo. Sidai kwamba wazalishaji wake walikusudia kutoa hoja ya kisiasa. Walitaka filamu ya tatu, na Marekani kwenyewe ilipita karibu moja kwa moja kwenye kanda za video na DVD. Lakini walipochagua mtu aliyeuawa na serikali bila hatia, walichukua kitu kilichokuwa hai na chenye moto, na swali kwa mhariri wa mswada ni kama waliweza kukibeba.

Nusu ya kwanza waliibeba. Kisha wanafika kwenye madeni.

Katika kisa hiki kuna vifo viwili. Lauren aliuawa kwa kisu na watu wachache, usiku, kwa siri. Alex aliuawa kwa umeme na watu wengi, kwa ratiba iliyotangazwa. Ni madeni mawili yenye wadaiwa tofauti, na filamu za kisasi, za mzimu au za walio hai, zinadumu kwa sharti moja tu, kwamba kila deni liwe na mdaiwa mwenye jina na anuani. Sasa nani anadaiwa kifo cha Alex? Yuko mwendesha mashtaka aliyewasilisha kisu. Wapo raia 12 wa baraza la mahakama, ambao si kama wazee wa baraza tuliowazoea sisi waliokuwa wakimshauri jaji, bali ndio wenye kutamka kwamba mtu ana hatia. Yupo jaji, yupo gavana ambaye simu yake ya kusitisha hukumu haikulia, yupo mtu aliyevuta swichi na jioni akarudi kwake kula. Karibu wote hao waliamini kwamba wanafanya haki.

Filamu inalikwepa swali hilo kwa kuyaunganisha madeni yote mawili na kuyapeleka kwa kikundi kimoja. Inabainika kwamba Lauren aliuawa kwa sababu ya mambo machafu aliyoyajua, yanayowahusu askari wala rushwa na kugusa hadi kwa baba yake mwenyewe, na kwamba askari haohao ndio waliombambikia Alex kesi. Kovu linatuongoza hadi kwa Kapteni wa polisi, anayeigizwa na Fred Ward kwa ubaridi unaonipendeza sana, kwani hapandishi sauti hata mara moja bila sababu. Kuanzia hapo tumerudi kwenye daftari. Askari mmoja, wa pili, wa tatu. Jina linakatwa, kunguru analia, tunaendelea. Mahakama imesahauliwa kana kwamba ilikuwa njia tu ya kumfikisha Alex kaburini.

Naielewa sababu. Mwandishi hawezi kumpeleka mzimu akawachinje raia 12 walioitwa kwa barua kutoka makazini mwao, na mtazamaji akabaki upande wa mzimu huo. Askari mla rushwa ni mdaiwa mwepesi, hakuna anayemlilia. Lakini zipo njia nyingine za kulifanya deni lionekane bila kumwaga damu, na jambo la ajabu ni kwamba mswada wenyewe ulikuwa nayo moja mkononi. Erin, mdogo wake Lauren, anayeigizwa na Kirsten Dunst akiwa bado kijana mdogo, anaianza filamu akiamini kwa dhati kwamba Alex ndiye muuaji. Chuki yake ni ya haki kwa jinsi anavyoyajua mambo. Anapokuja kuuona ukweli, anakuwa mtu pekee katika filamu nzima anayelazimika kuishi na fikra kwamba alifurahia kifo cha asiye na hatia. Dunst anaionyesha fikra hiyo vizuri kwa dakika chache, kwa macho zaidi kuliko kwa maneno. Kisha mswada unamgeuza kuwa msichana wa kutekwa na kuokolewa, na yale macho hatuyaoni tena.

Mwisho wa filamu unajulikana tangu kiti kilipoonyeshwa. Kapteni anafungwa mikanda ileile, kwenye kiti kilekile, na marehemu ndiye anayevuta swichi. Kiufundi ni mwisho uliofungwa vizuri: kifaa kilichofungua kisa ndicho kinachokifunga. Kibandani watu walisimama juu ya mabenchi wakapiga makofi, nami nilikuwa mmoja wao. Katikati ya makofi hayo mzee mmoja aliyekuwa akiuza kahawa mlangoni, ambaye sikuwahi kudhani kwamba hufuatilia tunachokitazama, alimuuliza msimulizi: "Na hakimu je, yeye yuko wapi?" Msimulizi alimjibu kwamba filamu imekwisha, akatoa diski.

Swali la mzee yule ndilo zoezi ninalowapa wanafunzi wangu. Wanapaswa kuandika tukio moja la kurasa tatu ambamo Alex Corvis anafika nyumbani kwa mmoja wa wale raia 12, usiku, bila silaha, na haruhusiwi kumgusa. Wengi huandika hotuba ndefu za marehemu. Mwaka jana binti mmoja alileta kurasa ambazo marehemu hasemi neno. Amekaa mezani jikoni, uso wake ule uko chini ya taa, na mwenye nyumba, mama wa makamo, anazungumza peke yake: anaeleza jinsi kisu kilivyopitishwa mkono kwa mkono kwenye mfuko wa plastiki, jinsi ambavyo alitaka kuuliza kwa nini hakikuwa na alama za vidole, na jinsi ambavyo ilikuwa Ijumaa jioni na wenzake walikuwa wamekwisha kushika mikoba yao.