Je, wajua kwa nini mdomo wa Kijapani hukubali Kiingereza?

Tulikuwa tumekwama kwenye jam ya Jogoo Road, mimi na mpwa wangu wa kidato cha 3, simu yake ameiegemeza kwenye kiti cha mbele. Alikuwa akitazama Attack on Titan, hadithi ya watu waliojifungia nyuma ya kuta kwa kuogopa majitu yanayokula binadamu, na sauti zilikuwa za Kiingereza. Akachomoa kifaa cha sikio moja, akaniuliza: “Anko, hawa si walichorwa Japani? Mbona midomo yao inafuata Kizungu?”

Mle garini nilimjibu juu juu. Hapa nalijibu kwa kituo.

Midomo ile haifuati Kiingereza, na hata Kijapani haikifuati sana. Katika anime nyingi, yaani katuni za Kijapani, mdomo wa mhusika anayezungumza huchorwa kwa namna 3 tu: uliofumba, ulio nusu wazi, na uliofunguka kabisa. Michoro hiyo hupokezana huku uso uliobaki umetulia tuli. Wajapani huuita mtindo huo kuchipaku: kuchi ni mdomo, paku ni mlio wa kitu kinachofunguka na kufumba. Ulishika mizizi enzi za Astro Boy, katuni ya televisheni ya mchoraji Osamu Tezuka, iliyoanza kurushwa tarehe 1 Januari 1963, kipindi kipya kila wiki, pesa haba, michoro ya kuhesabu. Filamu hupitisha picha 24 kwa sekunde, lakini kwenye anime mchoro mmoja mara nyingi hushikiliwa kwa picha 3, kwa hiyo unaona michoro 8 tu kwa sekunde. Hakuna nafasi ya kumchorea mtu midomo inayobana kwenye m na kuviringika kwenye o.

Tena sauti ya Kijapani yenyewe hutiwa baada ya picha. Waigizaji husimama pamoja studioni, miswada mkononi, wakipishana mbele ya maikrofoni chache, macho kwenye picha ambazo mara nyingi hazijamalizika. Akira, filamu ya 1988, ilikwenda kinyume: mazungumzo yalirekodiwa kwanza, midomo ikachorwa kuyafuata. Filamu kama hiyo ukitaka kuitia lugha nyingine, utatoka jasho.

Kwa hizi nyingine, kinachotakiwa ni hesabu ya silabi. Mtu mmoja hutafsiri maana. Mwingine, ambaye mimi namheshimu kuliko wote katika kazi hii, huandika kila mstari upya mpaka ukae ndani ya mdomo uliokwisha kuchorwa. Chukua neno linalosikika sana katika hadithi za mazimwi: nigero. Maana yake ni kimbia. Lina silabi 3, ni-ge-ro, na mdomo unafunguka kwa muda wa silabi 3. Kiingereza kinasema “Run!”, silabi 1, halafu mdomo unabaki ukipepea bila sauti. Basi mwandishi anatafuta “Run for it!”, na mambo yanakaa sawa. Watafiti wa Lyon, Ufaransa, walipima mwendo wa lugha mwaka 2011 wakakuta Kijapani hutoa wastani wa silabi 7.84 kwa sekunde, Kiingereza 6.19. Silabi ya Kiingereza hubeba maana zaidi, kwa hiyo sentensi huisha mapema, na mwandishi hulazimika kuirefusha bila kuijaza makapi. Ukiona maneno ya ovyo kwenye anime ya Kiingereza, mara nyingi ni hapo aliposhindwa.

Kisha huingia mwigizaji, kwa kawaida peke yake ndani ya chumba kisichopitisha sauti. Husikia milio 3, pip, pip, pip, na pale ambapo wa 4 ungelia ndipo anapoanza. Mwenzake anayejibizana naye pengine atarekodi wiki nyingine. Mayowe na vilio, ambavyo katika fantasia ya giza, yaani hadithi za kubuni zilizojaa mazimwi na vifo, havina mwisho, huwekwa mwishoni mwa siku ya kazi, kwa sababu koo likishakwaruzika halirudi upesi.

Kuna kitu Kiingereza hupoteza, na kinaniuma. Kijapani kina “mimi” nyingi: watashi ya adabu, boku ya kijana mpole, ore ya mtu wa ubabe, washi ya mzee. Askari aliyezoea kusema watashi akitamka ore, msikilizaji wa Kijapani anajua kimeumana, kama vile kijana wa kwetu aliyekuwa akimwita mtu “mzee” ghafla amwambie “we!”, na matatu nzima igeuke kutazama. Kiingereza kina “I” moja tu, kwa hiyo mabadiliko yote yanahamia kwenye koo la mwigizaji.

Lakini kipo pia kinachoongezwa. Fantasia nyingi za giza hutokea kwenye ngome na makanisa ya mfano wa Ulaya. Hellsing Ultimate inahusu wawindaji wa mazimwi wanyonya damu huko Uingereza, na toleo la Kiingereza liliwapa wahusika lafudhi za Kiingereza cha huko. Kijapani hakikuwa na njia ya kufanya hivyo. Kwa hadithi za namna hiyo mimi huchagua sauti za Kiingereza bila kusita.

Tulipofika Donholm jam ilikuwa bado haijaachia. Nikamwambia mpwa wangu aweke Kijapani, azime sauti, aseme yeye kwa Kiswahili. Mtu akapaza nigero. Akasema “Kimbia!” Ki-mbi-a, silabi 3, mdomo ukafumba naye. Akacheka kwa furaha. Likaja korosu, la kutishia kuua, silabi 3 tena. Akasema “Nitakuua!”, na mdomo ukafumba yeye akiwa bado na silabi 2 mdomoni. Akarudisha nyuma. “Nakuua!” Bado 1 imezidi. “Utakufa!” Vilevile. Mama aliyeketi pembeni yetu akaanza kututazama kwa wasiwasi. Akarudisha tena, akakaza macho kwenye ule mdomo mdogo, na konda akigonga bati kumwashiria dereva asonge, akaupata:

“Kufa we!”