Tukijua jumla ya namba mbili na tofauti yake, je, wajua kwa nini tunatoa tofauti kwanza, ndipo tunagawa kwa mbili?

Asha na Juma, wale wale wa vitabu vya hisabati wasiozeeka, wana gololi 50 kwa pamoja. Asha amemzidi Juma gololi 14. Kila mmoja ana ngapi?

Mpe mwanafunzi wa darasa la saba fumbo hili, na mara nyingi kalamu yake itakimbilia kugawa 50 kwa mbili. Anapata 25. Anamwongezea Asha 14, zinakuwa 39. Anampunguzia Juma 14, anabaki na 11. Anajumlisha, 50 inatimia, basi anafunga daftari akiwa na amani. Lakini hebu toa 11 kwenye 39. Ni 28, wala si 14. Tofauti imekuja mara mbili ya ile tuliyopewa.

Kwa nini mara mbili hasa? Hapa mimi huacha ubao na kuchukua kunde. Panga 25 huku na 25 kule. Hamisha punje moja tu kutoka fungu la Juma uipeleke kwa Asha. Juma sasa ana 24, Asha 26. Umehamisha moja, pengo limekuwa mbili, maana punje ileile imempunguza huyu na kumwongeza yule. Hamisha ya pili, pengo linafika nne. Kwa hiyo ukitaka pengo la 14, zinazohama ni 7 tu: Asha 32, Juma 18.

Njia ya darasani inafika palepale kwa mlango mwingine. Weka kando zile 14 alizozidi Asha. Zinabaki 36, na sasa wawili hawa wako sawa, kwa hiyo kuwagawia nusu kwa nusu kunaruhusiwa: 18 kila mmoja. Kisha mrudishie Asha 14 zake. Ukipenda herufi, gololi za Juma ni x, za Asha ni x + 14, na mlinganyo ni 2x + 14 = 50. Ile 2x ndiyo mafungu mawili yaliyolingana.

Fumbo lenyewe ni la kale. Diophantus, mwanahisabati wa kale wa Aleksandria, Misri, alifungua kitabu chake cha Arithmetica nalo: gawa 100 katika namba mbili zenye tofauti ya 40. Alianza na ile ndogo, kama tulivyoanza na Juma, akapata 30 na 70.

Na wasichekwe watoto peke yao. Mwaka 2005 Shane Frederick, mtafiti wa Marekani, aliandika kuhusu swali hili: gongo la besiboli na mpira vinauzwa dola 1.10 kwa pamoja, na gongo limeuzidi mpira kwa dola 1. Mpira ni bei gani? Wanafunzi wengi wa vyuo vikuu vyenye majina makubwa walijibu senti 10. Jibu ni senti 5. Toa dola 1, gawa senti 10 zilizobaki kwa mbili.

Jambo moja la kuchungulia kabla hujaanza: jumla na tofauti lazima zote ziwe shufwa au zote witiri. Ukikuta gololi 50 na tofauti ya 13, ama mwalimu amekosea kuandika, ama Asha na Juma kila mmoja ana nusu ya gololi iliyopasuka.