Wastani wa 700 na 900 sio lazima uwe 800

Jamani hili kosa limenichosha. Nafundisha hesabu hapa Dodoma, na wanaofuata mahindi soko la Kibaigwa huwa wananiletea madaftari yao niwaangalizie. Mtu kanunua mzigo wa kwanza kilo sh 700, wa pili kilo sh 900, anajumlisha, anagawa kwa mbili, anaandika 800 halafu anaenda kupanga bei ya kuuzia. Nikimuuliza kila bei ulichukua kilo ngapi, jibu ni "mwalimu hiyo haihusu, bei ni bei." Inahusu! Hiyo ndio hesabu yenyewe.

Tuseme kilo 400 kwa 700, hiyo ni 280,000. Kilo 1,200 kwa 900, hiyo ni 1,080,000. Jumla pesa iliyotoka 1,360,000, jumla kilo 1,600, gawanya, unapata 850. Huyu mwenye 800 yake kichwani akiuza kwa 830 anajua kapata faida ya 30 kila kilo, kumbe anapoteza 20 kila kilo, mara 1,600 ni 32,000 imeondoka, na hapo sijaweka usafiri wala pesa ya wapakiaji.

Bei kwa kilo ni pesa juu, kilo chini. Ukitaka wastani rudi kwenye pesa yote na kilo zote, basi, usikate katikati.

Sasa kinachofanya hili kosa lisife ni kwamba kuna siku linatoa jibu sahihi. Ukinunua kilo sawa kwa bei zote mbili, 800 ni sahihi kabisa. Lakini wengi hawanunui kilo sawa, wanagawa pesa sawa, mfano 630,000 huku na 630,000 kule. Kwa 700 unapata kilo 900, kwa 900 unapata kilo 700, kwa hiyo 1,260,000 kwa kilo 1,600 ni 787.50. Bei ni zile zile mbili ila wastani tumepata mitatu, 800, 787.50 na 850, na yote ni ya kweli kutegemea ulinunuaje. Wanafunzi wangu hapa huwa wanagoma, nawaelewa, lakini ndivyo ilivyo.

Mwendo nao ni hivyo hivyo. Dodoma mpaka Singida weka kilomita 240, nenda kwa mwendo wa kilomita 80 kwa saa, unatumia saa tatu, rudi kwa 60, unatumia saa nne, kilomita 480 kwa saa saba ni kama 68.6 na sio 70, kwa sababu kwenye mwendo wa pole umekaa muda mrefu zaidi.

   

Kuna kitu vitabu vinakiruka ambacho mimi mwenyewe sijakimaliza. Tunagawa kwa kilo kana kwamba kila kilo ni mahindi matupu, wakati mahindi ambayo hayajakauka unauziwa na maji humo humo. Kilo 100 zenye unyevu wa asilimia 20 zina kilo 80 tu za mahindi yenyewe, ukianika mpaka asilimia 13.5 ya kuhifadhia hizo 80 zinakuwa asilimia 86.5 ya mzigo, kwa hiyo 80 gawanya kwa 0.865, unabaki na kama kilo 92.5. Ulilipa 800 kwa kilo, yaani 80,000, gawanya kwa 92.5, umenunua kwa kama 865. Aliyekuwa anauza makavu kwa 850 umempita ukasema ana bei. Ninachoshindwa kukiweka kwenye fomula ni pumba, punje zilizooza na wadudu, maana kila gunia lina yake, kwa hiyo hiyo 865 ichukue kama mwanzo tu.

Na unyevu wengi wanaupima kwa kung'ata punje, sasa hiyo utaigawanya kwa namba gani? Kama huna kipimo cha unyevu, chukua kilo moja ya mzigo, anika mpaka ikauke vizuri, pima tena. Ikibaki gramu 925 gawanya bei uliyotajiwa kwa 0.925, ndio urudi kuongea na muuzaji.